Neno la Kale, Kodi Mpya: Urithi na Utambulisho katika Milima ya Usangi

Usangi iko upande wa kaskazini wa Milima ya Upare, katika Wilaya ya Mwanga iliyomegwa kutoka wilaya ya Pare mwaka 1979, na wenyeji wake hujiita Vaasu na lugha yao huiita Chasu, ingawa majirani na serikali wamezoea kuwaita Wapare. Tofauti hiyo kati ya jina la ndani na jina la nje inagusa kiini cha suala la urithi wa utamaduni, yaani mahali, maneno, vitu na desturi ambazo kizazi kimoja hupokezana na kingine: ni nani aliye na haki ya kuutaja urithi huo, kuutunza na kuamua matumizi yake. Swali hilo limeulizwa Upare katika kila zama, na mara nyingi limejibiwa kwa uchungu.

Mwanahistoria Isaria Kimambo, ambaye kitabu chake cha historia ya kisiasa ya Wapare kilitoka mwaka 1969, alionyesha kwamba huko Ugweno, jirani wa Usangi, utawala wa kale ulikuwa mikononi mwa Washana, ukoo wa wafua chuma, hadi Wasuya walipoupindua wakiongozwa na Angovi, na mwanawe Mranga akaupanga upya kwa kuyaweka mafunzo ya jando chini ya dola. Kumbukumbu hiyo haikuhitaji mnara, kwa kuwa imo katika majina ya watu: mwanafunzi aitwaye Mshana na mwenzake aitwaye Msuya wanapoketi dawati moja, wamebeba pande mbili za mapinduzi ya karne nyingi zilizopita. Kwa hiyo, anayesimulia historia ya Upare kwa kutaja watawala waliofuata peke yao huwa ameuacha nje ukoo uliofua majembe ambayo hata Wachaga waliyategemea.

Urithi wenye hisia nzito zaidi umo katika misitu midogo ya jadi. Mshitu ulikuwa msitu wa kuwafunda vijana. Mpungi ulikuwa msitu wa ukoo, ambamo mafuvu ya wazee waliofariki yalihifadhiwa. Baada ya muda wa mazishi kupita, fuvu lilitolewa kaburini, likawekwa ndani ya chungu cha udongo na kupelekwa mahali pa wahenga, na huko wazao walikwenda kutambika, yaani kuwapa wahenga sadaka na kuwaeleza shida zao, hasa mvua ilipokosekana au maradhi yalipoingia nyumbani. Wamisionari Walutheri walipofika mwanzoni mwa karne ya 20, na Uislamu nao ulipoenea, desturi hiyo ilianza kuitwa ushenzi au ushirikina, hata familia nyingi zikawa na mzee mmoja aliyeuogopa mpungi kwa heshima na kijana aliyeukwepa kwa imani yake mpya. Wote wawili walikuwa watu wa nyumba moja, na historia ya haki haina budi kuwasikiliza wote.

Siasa ya urithi ilidhihirika wazi zaidi katika miaka ya 1940. Serikali ya Waingereza ilianzisha Upare kodi ya nyongeza iliyotozwa kwa kukadiria mali ya kila mtu, ikaiita mbiru, neno la kale la ushuru wa jadi, kana kwamba jambo geni lingekubalika likivikwa vazi la mila. Wananchi walilitambua neno lakini hawakuutambua utaratibu. Mwaka 1945 maelfu ya wanaume walishuka kutoka milimani hadi Same, makao ya wilaya, wakapiga kambi huko na kukataa kuondoka. Mwaka uliofuata wanawake wa Usangi walimkabili Bwana Shauri, yaani mkuu wa wilaya, wakimtaka ama amalize shauri ili waume zao warudi nyumbani, ama achukue yeye nafasi ya waume hao. Kodi hiyo iliondolewa, na watu wa himaya mbalimbali za Upare, ambao hapo awali kila mmoja alijitambulisha kwa mtawala wake, walikuwa wamejifunza kusimama kama Wapare. Ni haki kusema kwamba utambulisho huo ulijengwa pia na wanawake, ambao simulizi za watawala huwataja kwa nadra.

Uhuru ulileta mtihani mwingine. Mamlaka ya machifu yalifutwa mwaka 1963, na misitu iliyolindwa na miiko ya koo ikabaki chini ya serikali za vijiji, ambazo hazikuwa na miiko hiyo; mingine ilikatwa, mingine ikalimwa. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 ilijali zaidi vitu vilivyotengenezwa na binadamu kabla ya mwaka 1863, kipimo kisichoutosha msitu ulio hai. Hata hivyo, Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 iliruhusu vijiji kutenga na kusimamia misitu yao, na mwaka 2011 Tanzania iliridhia mkataba wa UNESCO wa kulinda urithi usioshikika, yaani ule unaoishi katika maarifa na desturi za watu.

Mjadala huu umevuka mipaka ya Upare. Mwaka 2023 watafiti wa Berlin walitangaza matokeo ya uchunguzi wa mafuvu 1,135 yaliyochukuliwa Afrika Mashariki wakati wa ukoloni wa Wajerumani, yakiwemo zaidi ya 200 kutoka Tanzania ya leo. Kwa jamii iliyoweka fuvu la mzee chunguni ili isikatike mazungumzo naye, fuvu lililoandikwa namba na kuwekwa kabatini ni mzee aliyenyamazishwa.

Mbiru iliwafundisha watu wa Upare kwamba mtawala anaweza kulichukua neno la mila bila kuichukua mila yenyewe. Somo hilo linahusu pia kibao cha utalii kitakachosimikwa kesho kwenye mpungi wa Usangi: kikiandikwa bila koo zenye wahenga wao humo, bila wajukuu wa Washana na bila wajukuu wa wanawake wa mwaka 1946, kitakuwa na jina la kale juu ya jambo geni, na wenyewe watalitambua.