Rithy Panh: Anayewakumbuka Waliopotea kwa Udongo

Msikilizaji, watu wakifa bila kuacha picha wala kaburi, walio hai wawakumbuke kwa kitu gani? Rithy Panh, mtengeneza filamu kutoka Kambodia, amelijibu swali hilo kwa udongo.

Ni nani?

Alizaliwa mwaka 1964 mjini Phnom Penh. Aprili 17, 1975, wapiganaji wa Khmer Rouge chini ya Pol Pot waliuteka mji huo na kuwaamuru wakazi wote wahamie mashambani. Fedha, masoko na shule vikafutwa. Watu walilimishwa mpunga na kuchimbishwa mifereji huku wakilala njaa. Utawala huo ulipoanguka Januari 1979, inakadiriwa watu kati ya milioni 1.5 na milioni 2 walikuwa wamekufa.

Panh alipoteza wazazi na ndugu zake kadhaa. Baba yake aligoma kula hadi akafa. Yeye alikimbilia Thailand, kisha Ufaransa, alikosomea filamu.

Kwa nini udongo?

Sehemu kubwa ya filamu zilizobaki kutoka miaka ile zilipigwa na watawala wenyewe. Zinaonyesha watu wengi wakibeba udongo kwa bidii. Mtoto anayekufa kwa njaa haonekani. Zikiachwa peke yake, ndizo zitakuwa shahidi pekee.

Kwa hiyo, katika filamu yake ya mwaka 2013 kuhusu picha hiyo inayokosekana, Panh alitumia vinyago vidogo vya udongo, vilivyochongwa kwa mkono na kupakwa rangi. Kuna baba, mama, watoto waliokonda. Vinyago havisogei. Kamera ndiyo inayopita katikati yao, na sauti inasimulia taratibu. Hakuna mauaji ya kuigiza. Ndiyo maana filamu zake huitwa za kishairi: husema kidogo, na mengine anayajaza mtazamaji. Watu wale waliulima udongo, na udongo ndio uliowafunika.

Filamu hiyo ilishinda tuzo ya kitengo cha Un Certain Regard katika tamasha la Cannes. Mwaka 2014 ikawa ya kwanza kutoka Kambodia kuteuliwa kuwania Oscar.

Na waliotenda?

Panh aliwaendea pia. Katika filamu ya mwaka 2003 kuhusu S-21, shule iliyogeuzwa gereza la mateso, waliokuwa walinzi wanaonyesha kazi yao ya kila siku ndani ya vyumba vitupu. Anayewahoji ni Vann Nath, mchoraji aliyenusurika humo.

Nini kimebaki?

Mwaka 2006, Panh alishiriki kufungua Kituo cha Bophana mjini Phnom Penh. Kinahifadhi filamu, picha na sauti za zamani, na wananchi huingia kuzitazama. Jina ni la mwanamke aliyeuawa baada ya kufungwa S-21. Kijana anayelisoma mlangoni huuliza Bophana alikuwa nani, na hapo simulizi huanza.