Jina Moja, Watu Wengi: Ushahidi wa Daftari za Hataza

Mtafiti akutaye jina moja katika nyaraka mbili hana budi kujiuliza: je, huyu ni mtu mmoja, au ni wawili? Daftari za hataza za Marekani ni funzo jema. Henry Blair wa Maryland alipata hataza ya mashine ya kupandia mahindi mwaka 1834, na ya kupandia pamba mwaka 1836. Yeye twamtambua kwa kuwa karani alitaja rangi yake. Kwa kawaida daftari hizo hazikuitaja, na wavumbuzi weusi wengi wakafichika miongoni mwa wenye majina kama yao. Ndipo mwaka 1900 Henry E. Baker, mkaguzi wa hataza, alipowaandikia barua mawakili na wengineo ili kuwatafuta. Ushahidi wa waliowajua ukaziba pengo la maandishi.

Jina lisilofuatana na mahali, mwaka na kazi ni nusu ya ushahidi. Watu wa pwani yetu walilitambua hilo, wakaunga jina la mwana na la baba: Muyaka bin Haji. Nasi tuhakikio miswada ya kale tusimvike mtu sifa za somo yake. Kufanya hivyo ni kumpokonya mwenyewe haki yake.