Athari za Kalenda Kuu

Athari za kalenda kuu ni nguvu zinazotanda katika anga na sayari za Hexarchate, dola ya kubuni ya Yoon Ha Lee, kwa sababu watu wake wengi huadhimisha siku zilezile, saa zilezile, kwa namna ileile. Dola hiyo imesimuliwa katika riwaya tatu: Ninefox Gambit (2016), Raven Stratagem (2017) na Revenant Gun (2018). Mkusanyo wa hadithi, Hexarchate Stories, ulifuata mwaka 2019. Lee ni Mmarekani mwenye asili ya Korea aliyesomea hisabati katika Chuo Kikuu cha Cornell, na elimu hiyo imeingia hadi kwenye mifupa ya hadithi. Uchawi wa Hexarchate hauna mganga, tunguri wala ubani, una hesabu.

Katika ulimwengu huu, namna watu wanavyohesabu siku huyagusa maumbile yenyewe. Mamilioni wakishika sikukuu moja kwa imani moja, sheria za maumbile mahali pale hulegea na kuruhusu mambo ambayo kwingine hayawezekani. Askari waliojipanga kwa umbo fulani huzungukwa na ngao isiyoonekana. Meli za dola, ziitwazo nondo, huvuka masafa makubwa kwa kasi ambayo mitambo ya kawaida haiifikii. Vifaa vya aina hii hutofautishwa na vifaa thabiti, vinavyofanya kazi popote na chini ya kalenda yoyote. Risasi ya kawaida haijali leo ni siku gani, lakini silaha kubwa za Hexarchate zinajali.

Kwa hiyo mtu anayebadilisha tarehe ya sikukuu kijijini kwake anavunja silaha za serikali. Uozo wa kalenda, kama unavyoitwa, huanza pale watu wanapoacha maadhimisho au kufuata hesabu nyingine. Nguvu hufifia, kisha mahali pale hutawaliwa na athari za kalenda mpya, ambazo huenda zikampendelea adui. Ndiyo maana dola huita tofauti ya kalenda uzushi na kuikabili kwa jeshi. Kati ya makundi sita yanayotawala, Rahal husimamia sheria za kalenda, Nirai hupiga mahesabu na kuunda mitambo, Kel hupigana, Shuos hufanya ujasusi, Andan hushika utamaduni na diplomasia, na Vidona huwatesa wazushi.

Kazi hiyo ya Vidona ndiyo kiini cha jambo zima. Kalenda kuu ina siku za kumbukizi, na katika kumbukizi mzushi huteswa hadi kufa kwa utaratibu uliopangwa, huku raia wakishiriki kwa kutazama au kutafakari. Maumivu yale yamo ndani ya hesabu. Ukiyatoa, mlinganyo haukai sawa. Lee hakuuficha ukweli huu nyuma ya vita vya kusisimua, na hapo ndipo vitabu vyake vinapozidi vingi vya aina yake. Kila ngao inayomwokoa askari imelipiwa na mtu aliyefungwa chumbani mahali fulani, siku iliyoandikwa.

Namna athari hizi zinavyotenda huonekana vizuri mwanzoni mwa Ninefox Gambit, katika vita vya Dredge. Kapteni Kel Cheris anakuta safu zilizoidhinishwa hazimlindi dhidi ya silaha ya wazushi. Akiwa na kipaji cha hisabati kisicho cha kawaida kwa Kel, anapiga hesabu papo hapo na kuwapanga upya askari wake katika umbo lisilo la kalenda kuu. Wanasonga mbele, na kwa ajili hiyo dola inamtia yeye hatiani kwa uzushi.

Badala ya kumwadhibu, wakubwa wanamtuma kuikomboa kutoka kwa wazushi Ngome ya Sindano Zilizotawanyika, iliyojengwa mahali ambapo kalenda yake huathiri eneo kubwa. Anapewa mzimu wa Jenerali Shuos Jedao, aliyewaangamiza zaidi ya watu milioni moja, pamoja na jeshi lake mwenyewe, karne nne kabla. Mzimu huo umehifadhiwa katika susu jeusi, chombo kinachotegemea kalenda kuu. Tangu siku hiyo Cheris akitazama kioo huona uso wa Jedao, na kivuli chake sakafuni kina macho tisa.

Jedao alipata sifa katika vita vya Candle Arc, vilivyosimuliwa katika hadithi fupi ya mwaka 2012. Vita hivyo vimechota kutoka Myeongnyang, ambako mwaka 1597 Admirali Yi Sun-sin wa Korea alilishinda kundi kubwa la meli za Japani akiwa na meli 13. Yi aliutumia mkondo wa bahari. Jedao alitumia mpaka ambapo kalenda moja inaishia na nyingine kuanza.

Katika Raven Stratagem, Cheris anabuni kalenda ambayo athari zake humpata tu aliyeridhia. Askari wa Kel, waliofungwa kwa silika ya utii iliyopandikizwa, wanaweza kukataa amri kwa mara ya kwanza. Lakini kabila la Cheris, Wamwennin, waliokuwa na sikukuu zao ndogo na lugha yao ya Mwen-dal, wanaangamizwa na dola kwa kulipiza kisasi. Wachache wananusurika kwa siri. Baadaye, katika hadithi ya mwisho ya Hexarchate Stories, Cheris anaishi miongoni mwa hao waliobaki kwa jina la bandia, akiwafundisha watoto hisabati.