Mama aliyekaa kimya miaka 20

Wadau, juzi kwenye Hiace kutoka Bunda kuja Musoma jamaa mmoja alidai hakuna filamu ya Kibongo iliyowahi hata kunusa Oscar. Nikambishia mpaka Makutano.

Ipo! Mwaka 2001 Tanzania ilipeleka *Maangamizi* kugombea tuzo ya filamu ya lugha ya kigeni. Haikuingia tano bora, sawa. Ndani yumo Amandina Lihamba kama Samehe, mgonjwa aliyekaa miaka 20 bila kusema neno.

Hapo ndipo ninapocheka, maana huyu mama maisha yake yote ni kusema. Mwaka 1980 alitoa tamthiliya *Hawala ya Fedha*, kutokana na kisa cha Msenegali Sembène Ousmane. Mwaka 1982 akaandika *Harakati za Ukombozi* pamoja na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya. Akawa mwongozaji wa michezo ya jukwaani na mwalimu Chuo Kikuu cha Dar. Tasnifu yake ya udaktari, Leeds 1985, ni juu ya siasa na tamthiliya baada ya Azimio la Arusha. Yaani siasa za mzee wetu wa Butiama, mfasiri wa Shakespeare, zikapigwa darubini na mtu wa jukwaani.

Kisha yeye na Penina (sasa Mlama) wakaanzisha Tuseme, 1996: wasichana wa sekondari wanaigiza yanayowakwamisha masomoni badala ya kunyamaza. Kwa mkoa huu ambako binti anaweza kuachishwa shule kwa sababu ya ng'ombe, mnanielewa.

Jamaa akashuka Bweri. "Sasa hiyo filamu naipata wapi?" Nikakosa jibu. Mwenye nakala anistue.