Nanga ya Bukoba na Utenzi wa Pwani

Mtu wa pwani akisikia neno nanga hukumbuka chombo kilichotia bandarini. Kule Bukoba na Muleba, nanga ni ala ya nyuzi iliyochongwa kwa mti, na pia ni jina la utendi unaoghaniwa kwa ala hiyo. Kwa nanga Wahaya walisikilizishwa habari za Kachwenyanja, Rukiza na Mugasha, mbele ya wakama na mbele ya watu wa kawaida. Utendi huo haufungwi na vina wala mizani ya kuhesabu. Huongozwa na pumzi ya mghani na mlio wa nyuzi.

Hilo lafaa kukumbukwa kila tuusomapo mgogoro wa ushairi wa miaka ya 1970. Azimio la Arusha la 1967 lilikuwa limebadili mwendo wa nchi, na Kiswahili kimekuwa lugha ya kila pembe yake. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi wa Ukerewe alitoa Kichomi. Mwaka 1976 M. M. Mulokozi, mzaliwa wa Kagera, na K. K. Kahigi wakatoa Malenga wa Bara, diwani yenye mashairi ya arudhi na yasiyo ya arudhi. Jina lenyewe lilikuwa hoja: bara nako kuna malenga. Wapo walioona kuwa mgeni amekaribishwa barazani, naye aanza kung'oa nguzo. Lakini aliyetoka katika nchi ya nanga hakuja mikono mitupu. Alijua kwamba utungo waweza kusimama bila kina, na watu wakakesha wakiusikiliza.

Kisha ikaja vita. Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yaliingia katika mkoa uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi, ambao mwaka uliofuata ulipewa jina la Kagera. Mwaka 1981 Henry Muhanika alichapisha Utenzi wa Vita vya Kagera na Anguko la Idi Amin Dada. Msiba wa bara ukasimuliwa kwa chombo cha pwani.

Mulokozi naye aliandika tasnifu yake ya uzamivu ya 1986 juu ya nanga ya Wahaya. Mwaka 1999 akahariri Tenzi Tatu za Kale, akiwarudishia wasomaji Fumo Liyongo, Mwana Kupona na Al-Inkishafi. Basi aliyedhaniwa mbomoaji ndiye aliyeitunza hazina ya wazee wetu. Nasi wa visiwani, ni wangapi tumewahi kuisikiliza nanga yake?