King Majuto: Mwigizaji wa Uhusika katika Filamu za Tanzania

Mwigizaji wa uhusika ni msanii anayetambulika kwa aina ya mtu anayemwigiza kuliko kwa ukubwa wa nafasi anayopewa. Hutofautiana na stelingi, jina ambalo watazamaji wa mikanda ya video humpa shujaa asiyekufa. Stelingi hubeba kisa. Mwigizaji wa uhusika hubeba jamii inayomzunguka stelingi: baba, jirani, mganga, mwenye nyumba. Nchini Ufaransa, mwigizaji Bernard Blier (1916–1989) aliishi katika nafasi za namna hiyo kwa takriban miaka 50. Nchini Tanzania mfano uliokamilika zaidi ni Amri Athumani, mzaliwa wa Tanga wa mwaka 1948, maarufu kwa jina la King Majuto. Ni kweli kwamba katika vichekesho vingi yeye ndiye aliyekuwa mhusika mkuu, lakini hilo halimwondoi katika kundi hili, kwa kuwa hata alipokuwa mkuu aliendelea kuigiza mzee wa aina ileile.

Kazi yake hugawanyika kwa vyombo. Cha kwanza ni jukwaa, alikoanza mwaka 1958 akiwa mtoto. Cha pili ni runinga, iliyochelewa: vituo vya Tanzania Bara vilianza kurusha matangazo mwaka 1994, wakati Majuto alikwisha kuwa mtu mzima mwenye ufundi uliokomaa. Cha tatu ni mkanda wa video, baadaye diski, uliompa umaarufu mkubwa kuliko vyote. Cha nne ni matangazo ya biashara, ambamo sura yake iliuza bidhaa.

Wahusika wake si wengi kwa aina. Yupo mzee mbahili, yupo baba mkali mwenye binti, na yupo mzee anayejiona bado kijana mbele ya wasichana. Wote watatu wana kiini kimoja: mtu mwenye mamlaka ya umri ambaye tamaa humvua heshima hatua kwa hatua. Utajiri wa Majuto haukuwa katika kuongeza aina, bali katika kuzichimba hizo chache.

Zana zake ni tatu: uso, sauti na utungaji wa papo kwa papo. Vichekesho vingi vya video havikuwa na maandishi kamili. Tukio lilielezwa kwa mdomo, kamera ikawashwa, na waigizaji wakatunga maneno yao. Hapo ndipo msanii wa jukwaani humzidi aliyezoea kukariri. Majuto huanza kwa sauti ya chini, ya mtu mwenye busara zake. Akiguswa mfukoni sauti hupanda ghafla, macho hutoka, na mdomo hubaki wazi hata baada ya neno kwisha. Kimya hicho kifupi ndicho kinachochekesha.

Nguvu ya filamu za Majuto huonekana vizuri zaidi mbali na pwani. Katika mkoa wa Singida, nyumbani kwa Wanyaturu na Wanyiramba, Kiswahili cha Tanga ni kigeni, lakini mzee mbahili si mgeni. Katika kibanda umiza, yaani ukumbi mdogo wa kuonyeshea video, mkanda wa Kichina au wa Kihindi huhitaji mtafsiri wa kuusimulia, kazi iliyompa umaarufu msimulizi DJ Lufufu. Mkanda wa Majuto hauhitaji mtu wa kati. Anayefuata nusu tu ya maneno husaidiwa na uso.

Katika kazi ya Majuto, upande wa malipo ndio dhaifu kuliko zote, na haustahili kufichwa. Ugonjwa wake wa mwaka 2018 uliibua mjadala kuhusu mikataba ya wasanii, hasa ya matangazo, na Waziri wa Habari, Utamaduni, Sanaa na Michezo wa wakati huo, Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya kuipitia. Msanii ambaye sura yake ilijulikana karibu kila wilaya alipaswa kulindwa na mikataba hiyo mapema zaidi.

Baada ya matibabu nchini India, King Majuto alifariki katika Hospitali ya Taifa Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018, miaka 60 tangu alipoanza kuigiza, akazikwa Tanga.