Nakuru na Manowari za Urusi

Asubuhi ya tarehe 10 Agosti 1904, Admirali Wilhelm Vitgeft aling'oa nanga Port Arthur akiongoza manowari za Urusi ambazo Wajapani walikuwa wamezibana humo tangu vita vilipozuka Februari. Alikusudia kupenya hadi Vladivostok. Jioni makombora yaliipata manowari yake, Tsesarevich, yakamuua. Kikosi kikatawanyika, na meli nyingi zikarudi zilikotoka. Tarehe hiyo hiyo ndiyo inayosomeka kwenye mkataba uliowahamisha Wamasai kutoka malisho ya Bonde la Ufa, kuanzia Naivasha hadi Nakuru. Upande mmoja alikuwapo Sir Donald Stewart, Kamishna wa Himaya ya Afrika Mashariki. Upande wa pili Lenana, laibon, yaani kiongozi wa kidini wa Wamasai, pamoja na viongozi wenzake.

Matukio hayo mawili hayakusababishana. Lakini ukiuliza kwa nini Mwingereza alikuwa na stesheni ya reli Nakuru wakati ule, na kwa nini Mrusi alilazimika kuizunguka Afrika nzima ili akapigane na Mjapani, majibu yote mawili yatakupitisha Suez. Tumezoea kuisimulia historia ya Nakuru kwa Lord Delamere, ngano na heroe wa ziwani. Kwa maoni yangu, mwaka wa kwanza wa mji huu hausomeki vizuri pasipo ramani ya bahari.

Tuanze na reli. Uingereza ilinunua hisa za Mfereji wa Suez mwaka 1875, ikaivamia Misri mwaka 1882, na tangu hapo njia ya kwenda India ikawa ndiyo roho yake. Wakubwa wa London wakaingiwa na hofu: atakayeshika chimbuko la Nile ataishika Misri, na atakayeishika Misri ataufunga mfereji. Kwa zana za siku zile sijui ni nani angeweza kuuziba mto ule pale Jinja, lakini hofu ya serikali haihitaji mhandisi. Mwaka 1896 reli ikaanza kutandikwa kutoka Mombasa kuelekea huko. Vibarua zaidi ya 31,000 waliletwa kutoka India, na karibu 2,500 kati yao walikufa kazini. Reli ilifika Nakuru mwaka 1900 na kugusa Ziwa Victoria, mahali panapoitwa Kisumu leo, Desemba 1901. Gharama ilipita pauni milioni tano.

Deni likabaki, na mabehewa hayakuwa na mzigo. Hapo ndipo likaja wazo la walowezi: waje Wazungu walime, mazao yao yailipe reli. Walowezi walitaka ardhi iliyo karibu na reli, na ardhi iliyo karibu na reli, kuanzia Naivasha kupita Elmenteita hadi Nakuru, ilikuwa ya Wamasai. Mkataba wa Agosti 1904 uliwagawa sehemu mbili, wengine wakapelekwa Laikipia upande wa kaskazini, wengine kusini mwa reli. Waliahidiwa njia ya upana wa nusu maili ya kuyaunganisha maeneo hayo mawili, wakaachiwa maili tano za mraba kwenye miteremko ya Kinangop kwa ajili ya sherehe zao za jando. Ahadi ilikuwa kwamba mambo yatabaki hivyo maadamu Wamasai wapo duniani. Mwaka 1911 ulitiwa sahihi mkataba mwingine wa kuwaondoa Laikipia pia. Walipokwenda mahakamani mwaka 1913, katika kesi ya Ole Njogo, waliambiwa kwamba mikataba ile ilikuwa ni mapatano ya mataifa mawili, kwa hiyo mahakama ya Himaya haikuwa na uwezo wa kuisikiliza. Taifa lililotambuliwa asubuhi ili linyimwe haki jioni.

Mwaka huo huo wa 1904 Nakuru ilitangazwa kuwa mji. Delamere alikuwa ameshapewa ekari 100,000 kule Njoro. Nakuru yenyewe ilikuwa stesheni, maduka machache na marundo ya kuni. Kuni hizo zina umuhimu wake, kwa sababu injini za reli hazikutegemea makaa ya mawe ya kutoka ng'ambo. Zilikula magogo ya misitu ya njiani, na kabla ya kuukwea Mau treni ilihitaji kushiba vizuri.

Mrusi kule baharini hakuwa na msitu wa kukata. Manowari za enzi hizo zilikula makaa ya mawe kwa mamia ya tani, na bandari zilizokuwa na makaa kati ya Ulaya na China nyingi zilikuwa za Uingereza, ambayo tangu mwaka 1902 ilikuwa na mapatano ya urafiki na Japani. Jambo hili lilijitokeza kwanza kwenye pwani yetu wenyewe.

Julai 1904 meli mbili za Urusi, Peterburg na Smolensk, zilitoka Bahari Nyeusi zikipeperusha bendera ya biashara, maana manowari hazikuruhusiwa kupita pale Dardanelles. Zilipoingia Bahari ya Shamu zikatoa mizinga, zikapandisha bendera ya vita na kuanza kusimamisha meli za watu. Peterburg ikaikamata Malacca, meli ya kampuni ya P&O ya Uingereza, na magazeti ya London yakawaka moto. Serikali ya Tsar Nikolai II ikakubali kuziita zirudi. Tatizo ni kwamba hakuna aliyejua ziko wapi, na hapakuwa na njia ya kuzifikishia amri katikati ya Bahari ya Hindi. Basi Waingereza wakajitolea kupeleka barua. Mwanzoni mwa Septemba manowari yao HMS Forte ilizikuta meli hizo mbili karibu na Zanzibar, ikawakabidhi manahodha amri ya mfalme wao. Hebu fikiria: Tsar wa Urusi anataka kuwaambia wanamaji wake waache kazi, na tarishi wake ni jeshi la majini la nchi iliyokuwa inalalamika. Nguvu ya baharini haikuwa mizinga peke yake. Ilikuwa waya za simu zilizolazwa chini ya maji kutoka Aden hadi Zanzibar na kusini zaidi. Ilikuwa bandari, na maghala ya makaa.

Mwezi uliofuata, Oktoba 15, kikosi kikubwa kiliondoka Libau kwenye Bahari ya Baltiki chini ya Admirali Zinovy Rozhestvensky kwenda kuiokoa Port Arthur. Hata Bahari ya Kaskazini hakijaimaliza, kilizishambulia usiku mashua za wavuvi wa Kiingereza kutoka Hull, kikidhani ni mashua za topido za Wajapani. Wavuvi wakafa, na Uingereza ikawa karibu kuingia vitani. Baada ya hapo kikosi kiligawanyika: meli ndogo zikapita Suez chini ya Admirali Felkersam, na zile kubwa mpya, kama Knyaz Suvorov na Borodino, zikazunguka kusini mwa Afrika. Zililishwa njiani na meli za makaa za kampuni ya Hamburg-Amerika, zikitia nanga Dakar, pwani ya Gabon, kusini mwa Angola na Angra Pequena katika koloni la Wajerumani. Kila kituo kilikuwa cha kuomba. Kwa kuwa nahodha hakujua kama kituo kinachofuata kitamkubalia, makaa yalirundikwa hadi kwenye sitaha, kwenye vyumba vya maafisa na mahali pa kuogea. Mabaharia waliyabeba kwa magunia kwenye joto la ikweta, vumbi jeusi likiwajaa puani na vifuani, na wengine wakafa kwa joto.

Januari 1905 vikosi hivyo viwili vilikutana Nosy Be, kaskazini-magharibi mwa Madagaska, kiasi cha kilomita 1,400 kutoka Mombasa. Huko wakapata habari kwamba bandari waliyokuwa wanakwenda kuiokoa ilikuwa imesalimu amri tangu Januari 2. Haikupita muda wakasikia kwamba askari wa Tsar wamewapiga risasi waandamanaji St. Petersburg. Hamburg-Amerika nayo ikagoma kupeleka makaa mbele zaidi. Kikosi kikakaa Nosy Be zaidi ya miezi miwili. Nidhamu ikalegea, mabaharia wakanunua wanyama wa kila aina na kuwafuga melini, na mazishi ya baharini yakawa jambo la kawaida.

Wakati Rozhestvensky akitokwa jasho Nosy Be, raia mmoja wa Tsar alikuwa akishuka kwenye treni Nakuru. Huyu hakuwa askari. Alikuwa Nahum Wilbusch, mhandisi Myahudi kutoka Grodno, mmoja wa watu watatu waliotumwa na Kongamano la Wazayuni kuikagua nchi ya Uasin Gishu. Wenzake walikuwa Meja Alfred St. Hill Gibbons, msafiri Mwingereza, na Alfred Kaiser wa Uswisi. Safari yao ilitokana na damu iliyomwagika Kishinev mwezi Aprili 1903, Wayahudi walipouawa na nyumba zao kuporwa ndani ya milki ya Urusi. Joseph Chamberlain, Waziri wa Makoloni, ambaye mwishoni mwa 1902 alikuwa amepanda treni ya Uganda na kuipenda nchi aliyoiona dirishani, akapendekeza Wayahudi wapewe makazi huku. Barua rasmi ya Agosti 14, 1903 iliandikwa na Sir Clement Hill wa Wizara ya Mambo ya Nje. Msomaji alikumbuke jina hilo.

Walowezi waliposikia walikasirika. Delamere alipeleka simu ya malalamiko kwa gazeti la The Times la London, ikapita kwenye waya zile zile za chini ya bahari. Mtu aliyekuwa anajitwalia malisho ya Mmasai alilalamika kwamba ardhi inataka kupewa wageni.

Nakuru ndiyo iliyokuwa mlango wa kwenda Uasin Gishu. Reli ilikuwa inakwenda Kisumu, na anayetaka nyanda za juu za kaskazini-magharibi alishuka hapa, akakodi wapagazi na kuanza kutembea. Tume ile ilifanya hivyo na kuzunguka kwa wiki kadhaa. Wilbusch alirudi na neno baya kuliko wote: hakuona pale nchi ya kuwabeba maelfu ya watu maskini wa mijini. Kongamano la saba la Basel likalikataa pendekezo hilo katikati ya mwaka 1905. Miaka mitatu baadaye Makaburu wa Jansen van Rensburg walishuka Mombasa, wakapanda treni hadi Nakuru, wakafunga ng'ombe kwenye magari yao ya kukokotwa na kupanda kwenda kuichukua Uasin Gishu ile ile. Wenyeji hawakuulizwa safari hii pia.

Rozhestvensky aliondoka Nosy Be katikati ya Machi 1905, meli zake zikiwa zimelemewa na makaa na matumbo ya meli hizo yameota mwani. Mei 27, katika mlango-bahari wa Tsushima, Admirali Togo alimsubiri. Kufikia kesho yake Urusi ilikuwa imepoteza karibu kikosi kizima na maelfu ya mabaharia. Japani ilipoteza mashua tatu za topido. Aurora, iliyolala Nosy Be pamoja na nyingine, iliponyoka, na leo ni makumbusho St. Petersburg.

Mtu anaweza kudhani kwamba bahari iliachana na Nakuru hapo. La. Hata kabla ya vita vya Urusi, mji huu ulikuwa unapitisha meli. William Mackinnon, stima ya kwanza ya reli kwenye Ziwa Victoria, ilikwenda ziwani vipande vipande, sehemu ya njia ikiwa mabegani mwa wapagazi. Zilizofuata, Winifred na Sybil, zilitengenezwa Scotland, zikafunguliwa na kupakiwa kwenye mabehewa, zikateremka ukingo wa Bonde la Ufa, zikapita hapa na kuukwea Mau, kisha zikaunganishwa tena Kisumu kwa misumari ya ribiti. Mabamba ya chuma ya chombo cha majini yakipita kwenye nchi ya vumbi na mbuni, kwa nguvu za kuni. Mwaka 1907 ikaongezwa stima iliyopewa jina la Clement Hill, yule yule mwandishi wa barua.

Agosti 1914 vita vilipofika, stima hizo zilifungwa mizinga na kugeuka manowari za ziwani. Wajerumani walikuwa na tagi yao, Muansa, kule kusini. Septemba walitua Karungu na kuelekea Kisii. Winifred ilipokwenda kuwazuia ilifukuzwa na Muansa, ikarudi pamoja na chombo kingine, Kavirondo, na mara hiyo Wajerumani ndio waliokimbia. Sybil ilikwama kwenye miamba upande wa adui, ikaokolewa baadaye. Juni 1915 kikosi kilichosafirishwa kwa stima kutoka Kisumu kiliishambulia Bukoba, na lengo lake kubwa lilikuwa mlingoti wa simu ya upepo. Askari, risasi na chakula cha vita hivyo, vyote vilivyotoka pwani vilipita Nakuru kwanza.

Siku hizi kinachopita Nakuru kwenda ziwani ni mafuta, mengi yakiwa chini ya ardhi kwenye bomba la Kenya Pipeline. Kisumu hupakiwa kwenye mabehewa-tangi, nayo hubebwa na MV Uhuru hadi Uganda. Meli hiyo nayo ilitengenezwa Scotland katika miaka ya 1960. Mwenzake mpya, MV Uhuru II, amejengwa Kisumu kwenyewe, katika karakana ya Kenya Shipyards, kampuni iliyo chini ya Wizara ya Ulinzi.